Upweke wa mtu anayesalimiwa na kila mtu

Filamu fupi nyingi zinazohusu upweke wa mijini huujenga upweke huo kwa ukimya: ghorofa refu, treni iliyojaa abiria wasiotazamana, dirisha moja lenye taa. Katika mswada wa filamu fupi ninaouandika hapa Lindi, vitu hivyo havinifai hata kimoja, kwa sababu katika mji huu mgeni hafiki sokoni bila kusalimiwa na watu asiowajua. Mhusika wangu ni mtumishi kijana aliyehamishiwa huku kutoka Mwanza. Kila asubuhi anaulizwa habari za nyumbani na kujibu kuwa ni njema, ilhali nyumbani kwenyewe hakuna mtu. Salamu zote zinamfikia, lakini hakuna inayongoja jibu la kweli. Upweke wa namna hiyo, nadhani, ni mgumu zaidi kuupiga picha kuliko ule wa kwenye treni.

Kiini cha filamu kiko kwenye kivuko cha Kitunda. Kijana anaketi kando ya mama anayerudi ng'ambo na beseni tupu, anamwamkia, naye mama anaitika marahaba, kisha, badala ya kuendelea na maswali ya kawaida, anamtazama na kuuliza, "Mwanangu, leo umekula?" Hadi kivuko kinatia nanga, kijana ameshasema mambo ambayo ofisini hajamwambia yeyote. Wanashuka, kila mmoja na njia yake.

Rafiki zangu waliosoma mswada wanataka wawili hao wapeane namba za simu, na mmoja wao, mpenzi wa tamthilia bila shaka, anapendekeza mama awe na binti. Nimekataa. Taasisi inayotoa tuzo za Oscar huihesabu filamu kuwa fupi isipozidi dakika 40, nami sihitaji hata nusu yake, kwa kuwa makutano ya aina hii hupoteza uzito mara yanapopewa kesho. Katika mojawapo ya filamu ambazo ndugu wawili wa Kifaransa, akina Lumière, waanzilishi wa sinema, walizionyesha Paris mwaka 1895, wafanyakazi wanatoka kiwandani kwa muda usiotimia dakika moja, na hakuna anayetuambia walikokwenda.

Kinachonisumbua sasa ni sauti. Nimeamua kwamba nusu ya maneno ya kijana imezwe na injini, mtazamaji asiyasikie, ayasikie mama peke yake. Fundi wa sauti niliyemwonyesha ukurasa huo bado ananuna.