Grosse Île, kisiwa walichoshukia Waairishi wa 1847

Ukiishi Montreal, haikuchukui muda kukutana na mtu mwenye jina la Kiairishi, Ryan au O'Neill, anayezungumza Kifaransa cha Quebec kama alichonyonya kwa mama yake. Nilitaka kuona walikopitia wazee wao, ndipo mwezi wa saba mimi na shemeji yangu tukafunga safari hadi Berthier-sur-Mer, kupanda boti ya kwenda Grosse Île.

Mto Saint-Laurent pale ni mpana sana, na upepo wake ulitufanya tufunge koti hadi shingoni. Kisiwa kiko kilomita zisizofika 50 kutoka jiji la Quebec, ukiteremka na mto. Serikali ya kikoloni ilikifanya kituo cha karantini mwaka 1832 kwa hofu ya kipindupindu, na hakikufungwa hadi 1937.

Tulipofika, mwongozaji alianza na Ireland yenyewe. Mamilioni ya wakulima waliishi kwa viazi tu, kwenye vishamba vya kukodi, na kuanzia 1845 viazi vikaoza ardhini. Shemeji, ambaye kwao ni Mbeya, alinigeukia: "Shemeji, huu si ndio ukungu wa kwetu?" Ndio huohuo, ule unaounguza majani ya viazi mviringo na kuacha shamba linanuka. Tofauti ni kwamba kule mwenye shamba alidai kodi yake palepale, na nafaka na mifugo iliendelea kupakiwa melini kwenda Uingereza. Watu wapatao milioni moja walikufa. Kwangu mimi ukungu uliozesha viazi. Waliowaua watu ni binadamu wenzao.

Kuhusu meli ndiko nilikoshikwa na hasira zaidi. Meli za mbao zilipeleka magogo ya Kanada Uingereza, na wakati wa kurudi ngama, yaani matumbo ya meli, zilikuwa tupu. Badala ya kujaza mawe, wenye meli wakajaza watu: binadamu wakawa farumi, uzito wa kutuliza meli, tena farumi inayolipa nauli. Nauli ya Quebec ilikuwa rahisi kuliko ya New York, kwa hiyo maskini kabisa waliangukia huku. Wengine walilipiwa na makabaila waliotaka kuwaondoa mashambani. Meli ya Virginius iliondoka Liverpool mwezi Mei 1847 na abiria 476, wengi wao kutoka shamba la kabaila mmoja wa Roscommon, Ireland. 158 walikufa njiani. Taifasi, homa inayoenezwa na chawa, ilizagaa humo ngamani.

Daktari mkuu wa kisiwa, George Mellis Douglas, alikuwa na vitanda takriban 200. Mwishoni mwa Mei meli zipatazo 40 zilikuwa zimetia nanga mtoni zikisubiri, wagonjwa na maiti wakiwa humo humo. Wa kwanza kufia kisiwani mwaka ule alikuwa Ellen Keane, mtoto wa miaka minne.

Makaburi yako kwenye bonde la nyasi kati ya miamba. Hutaona kaburi la mtu mmoja mmoja, ila ardhi yenyewe imepanda na kushuka, tuta na bonde, tuta na bonde, kwa sababu walizikwa kwenye mahandaki marefu. Nilitembea pembeni nikiogopa kukanyaga. Zaidi ya watu 5,000 walizikwa hapo mwaka ule mmoja. Juu ya kilima umesimama msalaba mkubwa wa mawe wa mwaka 1909, na ukutani kwa vioo yameandikwa majina yao. Shemeji alisoma ukoo mmoja mpaka mwisho, baba hadi kitinda mimba, kisha akaondoka bila kusema neno.

Walionusurika walihitaji wenyeji wa kuwapokea. Mapadri wa Quebec waliwaomba waumini makanisani wawapokee yatima, na familia za wakulima wanaozungumza Kifaransa zikawachukua. Baadhi yao waliachiwa majina yao ya Kiairishi. Watu wazima walikwenda kubeba mizigo bandarini na kujenga reli. Majina ya Kiairishi yalipanda hadi ikulu: Daniel Johnson na wanawe wawili wote wamekuwa mawaziri wakuu wa jimbo la Quebec.

Tuliporudi Montreal tulipitia Black Rock, jiwe kubwa lililotolewa mtoni na kusimamishwa mwaka 1859 na wafanyakazi wa Daraja la Victoria, pale walipozikwa wengine wapatao 6,000 waliofika mjini na homa. Meya wa jiji, John Mills, aliambukizwa alipokuwa akiwahudumia, naye akafa. Leo jiwe limebanwa katikati ya barabara, malori yanalipita kushoto na kulia. Kila mwaka mwishoni mwa Mei Waairishi wa Montreal huandamana kwa miguu hadi hapo, na kwa miaka mingi wamekuwa wakidai eneo lile lifanywe bustani ya kumbukumbu. Wana haki kabisa, na mwakani naandamana nao.