Bibi Orin na mlima wa Narayama

Jamani itafuteni muvi ya The Ballad of Narayama, ila ile ya 1958 ya Keisuke Kinoshita, sio ya Shohei Imamura ya 1983 ingawa hiyo ndo ilibeba Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, na ndo wengi wanaijua.

Stori ni ya kijiji cha milimani Japani, njaa kali, na mila yao ni kwamba ukifikisha miaka 70 mwanao anakubeba mgongoni anakupandisha mlima Narayama, anakuacha huko kwa mungu wa mlima, basi, wewe hurudi tena. Bibi Orin ana 69, mzima kabisa, meno yote yapo na hayo meno ndo aibu yake, mjukuu wake mwenyewe anamuimbia eti ana meno 33 ya shetani, maana kijiji chenye njaa kikongwe mwenye meno anaonekana mlafi tu. Sasa anachokuja kuyafanya hayo meno kwenye jiwe... mi nilifumba macho. Na Kinuyo Tanaka aliyemuigiza hata 50 alikuwa hajafika!

Kilichonishika ni kwamba Orin anaamini kweli. Anajiandaa kama mtu wa kwenda Hija, anahakikisha mwanae Tatsuhei aliyefiwa na mke kapata mwingine, anamuonyesha mkwe pale mtoni anapovulia samaki ambapo hakuna mwingine anapajua, anawaita wazee wampe masharti ya safari, mfano ukishafika mlimani huruhusiwi kuongea. Anayeteseka ni mwanae. Halafu kuna jirani, mzee Mata, hataki kwenda kabisa, huyo mwanae anamfunga kamba. Yaani mlima ni huohuo, Orin anahiji, Mata anauawa.

Ukweli njaa ndo iliyopanga ile 70, mungu akaja kupigia muhuri tu, hilo muvi haifichi. Ila haimcheki Orin hata kidogo.

Karibu yote imepigwa studio kwa staili ya kabuki, yaani maigizo ya jukwaani ya jadi ya Kijapani, kuna msimuliaji anaimba, taa zinageuka nyekundu au kijani, mandhari inaondolewa mbele ya macho yako. Mwanzo niliona feki sana, ila theluji ilipoanza kudondoka, kwao ni baraka hiyo, na Tatsuhei akavunja sharti akarudi mbio kumwambia mama yake, wala sikukumbuka tena kama ni studio.

Mwisho Kinoshita anakuletea treni na stesheni ya kweli, ya siku hizi. Mi ilinikera, nilikuwa bado nataka kukaa na bibi.