Vijana na Land Rover ya zamani

Jumamosi nilishinda gereji moja ya Mwanjelwa, hapa Mbeya, nikiwatazama vijana watatu wanaoifufua Land Rover Series III, gari lililoundwa Uingereza kati ya mwaka 1971 na 1985. Bodi yake ya aluminiamu bado ni nzima, lakini chesisi, yaani fremu ya chini inayolibeba gari, ambayo ni ya chuma, imeliwa na kutu, nao wanaichomelea kipande kwa kipande. Mdogo wao alikuwa akisaga valvu, vile vifuniko vya injini vya kuingiza hewa na kutoa moshi, kwa mkono ili zizibe barabara, akizungusha kijiti viganjani kama apekechaye moto, kisha akamimina petroli kuona kama inavuja. Haikuvuja hata tone. Nilifurahi mno, maana subira hiyo sijaiona kwa mafundi wengi wazima. Wanatamani kuipeleka Tukuyu ikikamilika, nami nimeomba kiti.