Maskini kama sisi

Hii sentensi ninayo kichwani toka Jumapili na haitaki kutulia, acha niiandike labda itanipumzisha.

Jumapili joto la hapa Firenze, Italia, lilikuwa halisemeki, jiko halikuwashwa, Sinyora, bibi ninayemfanyia kazi, akasema leo panzanella, saladi yao ya mkate mkavu na nyanya. Mkate ulikuwepo, ule wao usiotiwa chumvi, wa tangu Alhamisi, mgumu mpaka ukiugonga mezani unalia. Nikauvunja mapande nikauloweka kwenye maji ya baridi yenye siki kidogo, ulipolainika nikaukamua kwa viganja viwili mpaka tone la mwisho halafu nikaupukusa kwa vidole ukawa chenga. Kazi yote iko hapo, maana mkate ukibaki na maji mnakula uji. Sinyora yuko kwenye kiti chake anakata nyanya, zile nene za mbavumbavu, mara kisu kikasimama anaangalia mikono yangu.

Akaniuliza, nani kakufundisha kukamua mkate?

Nikamwambia mama, nyumbani ndo tunavyokamua mkate wa kutia kwenye kababu.

Akanyamaza. Akachukua nyanya nyingine, ndo akasema, basi mama yako alikuwa maskini kama sisi.

Akaendelea kukata.

Jamani, mama yangu! Nyie mnamjua, mwanamke ambaye sukari ikiisha tunakunywa chai kavu na mlango umefungwa kuliko kwenda kugonga kwa jirani, leo aitwe maskini na mtu asiyeijua hata Tanga iko wapi. Nikamalizia saladi kimya kimya, vitunguu vyekundu nilishavitia kwenye siki vipungue ukali, tango (Sinyora anataka tango, jirani wa juu anasema tango ni haramu kwenye panzanella na wamenuniana kwa hilo), basili nikaichana kwa mkono, mafuta ya zeituni bila ubahili, na chumvi ya kutosha kwa sababu mkate wenyewe hauna. Ikakaa kwenye friji saa nzima. Ilikuwa tamu, Sinyora kaongeza mara mbili, mie nilikula huku koo limekaza.

Wiki yenyewe ilijaa mambo, dada kajifungua mapacha salama alhamdulillah, na binti wa Sinyora kasema nyumba inauzwa mwakani, lakini mie kwenye basi, nikifua, nikizima taa, nasikia ile sauti tu. Mara nasikia "maskini" peke yake inanichoma. Mara nasikia "kama sisi", na hapo nakumbuka hakuwa na dharau hata kidogo, alisema kama mtu anayetaja kijiji alichotoka. Kwao walilima shamba la tajiri wakigawana naye mavuno nusu kwa nusu, ule utaratibu wa mezzadria ambao sheria ilikataza mikataba yake mipya mwaka 1964, na mkate uliookwa wa wiki nzima uliliwa mpaka kipande cha mwisho. Lakini kwa nini amuingize mama?

Jana usiku nikampigia mama nikamweleza yote, nikijua atawaka.

Akasema, "Kwani kadanganya?"

Nikabaki nimeshika simu. Akaendelea, "Nyama nusu kilo ikila watu tisa, wewe ulidhani ule mkate nilitia wa nini? Wa ladha?" Akacheka mpaka akakohoa, halafu akataka kujua hiyo siki inatiwa kiasi gani na kama saladi yenyewe inapanda na samaki wa kukaanga, na nimsalimie sana huyo bibi.

Miaka yote hii nilikuwa najua kababu zetu ni laini kwa sababu mama ni fundi. Na ni fundi kweli, maana mezani hakuna hata mmoja wetu aliyejua nyama haitoshi. Nimejikuta nampenda upya, sijui nisemeje. Leo asubuhi nimempa Sinyora salamu zake, kauliza kababu zinapikwaje, tumenunua nyama ya kusaga na bado tuna nusu ya mkate.

Ila mama kabla ya kukata simu kanipenyezea kwamba kaka kampa dereva mgeni ile Noah, njia ya Pangani, na usiku anaendesha, na mkopo wa benki haujafika hata nusu. Kaka hapokei simu zangu tangu jana.