Michoro 48 ya chapati moja

Nilichora kwa penseli miaka mingi kabla sijagusa tableti ya kuchorea, nikadhani nabadilisha kalamu tu. Niliinunua Kariakoo ikiwa imetumika, ya aina isiyo na skrini: ubao mweusi unaochomekwa kwenye laptopu, mkono uko mezani, macho yako mbele. Zenye skrini nilizitamani sana, ila bei yake mfuko ulikataa.

Kazi yangu ya kwanza ilikuwa kipande cha sekunde 4 cha filamu fupi ya katuni: mama anapika chapati. Sekunde moja ya filamu ina fremu 24, yaani picha 24 zinazopita moja baada ya nyingine. Wachoraji wengi huacha kila mchoro ukae fremu 2, kwa hiyo nilihitaji michoro 48. Nilikuwa kwenye wa kumi mama yangu alipopita nyuma yangu, akasimama.

"Mwanangu, mbona chapati imevutika ubavuni?"

Nilikuwa nimeliona hilo, nikaulaumu mkono. Nafuta, narudia, linatoka yai tena. Usiku nikachukua kifuniko cha kopo la maziwa, nikakiweka juu ya tableti na kukizungushia kalamu taratibu. Kifuniko ni duara, hakina ubishi. Kwenye skrini likatokea yai lilelile. Nilifurahi kuliko ninavyoweza kueleza, kwa sababu mkono wangu haukuwa na kosa.

Nikapima kwa rula. Eneo la kuchorea lilikuwa na upana wa milimita 152 na kimo cha 95, yaani uwiano wa 16 kwa 10. Skrini ya laptopu yangu ni 16 kwa 9. Ubao wote ukilazimishwa kufunika skrini yote, kila umbo linatanuka kwa upana, karibu sehemu moja ya tisa. Kwenye uso wa mtu unaweza usigundue. Kwenye chapati huwezi kuficha. Nikafungua mipangilio ya draiva, ile programu inayoiunganisha tableti na laptopu, nikashusha kimo hadi milimita 85.5. Ukanda mwembamba wa ubao ukabaki bila kazi. Nikarudisha kifuniko, nikazungusha: duara. Ile michoro kumi niliifuta yote.

Kuchora bila kuutazama mkono kulinichukua kama wiki mbili. Kila asubuhi, dakika 15, naweka nukta mbili na kuziunganisha kwa mstari mmoja, bila kushusha macho. Usiruke hatua hii, hata kama una haraka ya kazi.

Nilikosa pia ule mkwaruzo wa karatasi, maana ubao unateleza. Nikabandika karatasi nyeupe juu yake, na kalamu ikaendelea kusoma vizuri. Ila karatasi inakula ncha: baada ya muda ya kwangu ililika upande mmoja kama patasi, nikaing'oa kwa kibano na kuweka mpya. Bado naitumia karatasi. Ncha hununuliwa, mstari uliotulia huupati dukani.

Programu niliyotumia ni Krita, ya bure, na inakuonyesha mchoro uliopita kwa rangi hafifu chini ya ule unaochora. Ndivyo nilivyogundua kwamba chapati yangu inaruka kutoka upande mmoja kwenda mwingine bila kugeuzwa na mtu. Nikamwomba mama apike, nikamrekodi kwa simu. Kumbe kabla ya kugeuza huizungusha kwanza kwa ncha za vidole, mara mbili, haraka haraka. Nimekula chapati zake maisha yangu yote, sikuwahi kuliona hilo. Mzunguko huo peke yake ulichukua michoro 9.

Umeme ulikatika nikiwa kwenye wa 44. Tableti inakula umeme wa laptopu kupitia waya wa USB, nikaendelea gizani hadi wa mwisho. Mama akaja na taa yake, akatazama kipande kikijirudia mara tatu.

"Hivyo vidole ni vyangu," akasema.