Siku Tuliyopima Visima vya Shela

Kisiwa cha Lamu hakina mto wala ziwa. Maji ya mji hutoka chini ya vilima vya mchanga vya Shela, upande wa kusini, na nilipokuwa kidato cha pili nililijua hilo bila kulitilia maanani. Nilianza kulifikiria mwanzoni mwa mwaka 2000. Ukame ulikuwa umeikamata Kenya nzima, mvua za vuli hazikutosha hata kulowesha mapaa, na kina mama wa mtaani kwetu Langoni walikuwa wameanza kusema chai ina munyu.

Ami yangu, mdogo wake baba, alifanya kazi visimani. Yeye ndiye aliyewasha na kuzima pampu. Ofisa wa maji alipotumwa kuja kupima, Ami aliambiwa amtembeze, naye akanichukua mimi nibebe kamba na chupa za sampuli. Tulitoka baada ya sala ya alfajiri. Bahari ilikuwa imekupwa, kwa hiyo tulipita ufuoni moja kwa moja hadi ulipoonekana mnara wa msikiti wa Ijumaa wa Shela, ule wa mwaka 1829, kisha tukaacha nyumba nyuma yetu na kuanza kupanda mchangani.

Yule ofisa alikuwa mtu wa bara, kijana, mpole wa maneno. Alisimama kwenye safu ya kwanza ya vilima, ile inayotazamana na bahari, akainama kuutazama mlakasa. Mimi niliuona mmea huo kila siku na sikuwahi kuutazama. Ulikuwa umetambaa kutoka juu ya kilima hadi karibu na mstari wa maji kujaa, majani yake mazito yamepasuka katikati, maua ya zambarau yamefunguka kwa ajili ya asubuhi hiyo tu. Aliufukua mshipa mmoja kwa vidole na kunionyesha: kila penye kifundo, mzizi umeshuka mchangani. Upepo wa kusi ukileta mchanga kutoka ufuoni, mchanga hunaswa kwenye majani na kujikusanya. Mmea ukifukiwa hauchoki, huchomoza juu na kutoa mizizi mipya, na mchanga hunaswa tena. Hivyo ndivyo kilima kinavyoinuka. Ukiung'oa mlakasa sehemu moja, upepo hupata mlango, na mlango huo hupanuka kila msimu.

Nyuma ya safu hiyo kuna mabonde, na mabondeni ndiko kulikokuwa na visima. Ami alikuwa na utaratibu wake. Kabla ofisa hajashusha chombo chake cha kupimia chumvi, yeye aliteka maji kwa kata, akanywa funda moja, akanyamaza kidogo, halafu akasema: "Haya matamu." Au: "Haya yameanza." Ofisa akashusha waya, akasoma namba, akaandika. Kisima cha kwanza, cha ndani kabisa, wote wawili walikubaliana. Cha pili pia. Tulipozidi kuelekea upande wa bahari, Ami alichukua muda mrefu zaidi kwa kila funda. Alinipa na mimi nionje. Kwa kawaida ulimi huanza kuihisi chumvi pale kloridi, sehemu ya chumvi iliyoyeyuka majini, inapopita takriban miligramu 250 kwa lita, lakini Ami nadhani aliihisi mapema kuliko hapo. Hakuna siku niliyomheshimu kama ile.

Nilimuuliza ofisa inawezekanaje maji matamu yakae kando ya bahari bila kuchanganyika. Aliokota kijiti, akakaa chini na kuchora. Mvua ikinyesha juu ya vilima hivi, haitiririki kwenda popote, hunywewa pale pale. Mchanga wa juu hukauka haraka, na ukishakauka huyafunika ya chini jua lisiyafikie. Maji hayo hushuka hadi yakutane na maji ya bahari yaliyopenya chini ya kisiwa, na kwa kuwa maji matamu ni mepesi kidogo, hukaa juu yake. Kisha akaniambia jambo ambalo sijalisahau. Kwa kila mita 1 ya maji matamu iliyo juu ya usawa wa bahari, kuna takriban mita 40 chini ya usawa huo, zikiisukuma chumvi isipande. Nikafurahi, nikaona tuna hazina. Akatikisa kichwa. "Igeuze hesabu," alisema. "Ukivuta maji mpaka yale ya juu yapungue mita 1, chumvi ya chini ina nafasi ya kupanda mita 40. Haipandi siku hiyo hiyo. Lakini ikishapanda, kuishusha ni kazi ya mvua za miaka."

Ami alisikiliza mpaka mwisho. Alikuwa amefanya kazi pale tangu ujana wake, na nadhani ndiyo mara ya kwanza mtu wa ofisini kumweleza sababu ya jambo alilolijua kwa ulimi.

Mchana tulifika mahali kilima cha mbele kilipokatwa. Palikuwa na shimo pana, kingo zake zimesimama wima, mlakasa umening'inia mizizi ikiwa hewani. Mchanga ulikuwa umeanza kumwagika kwa ndani, kuelekea bondeni, na ulikuwa umefukia njia ya kwendea kisima kimoja. Punda walikuwa wamesimama wamefungiwa magunia mgongoni, na vijana wawili walikuwa wakijaza kwa makoleo. Mmoja alikuwa binamu yangu. Alimwamkia Ami shikamoo na koleo mkononi.

Ami hakumkaripia. Alimuuliza gunia linauzwaje, na akamuuliza tajiri wake ni nani. Binamu yangu alijibu kwamba mji unajengwa, mafundi wanataka mchanga, na hapa ndipo punda wanapofika bila kuchoka. Yote yalikuwa kweli. Watu wengi wanaozungumzia uhifadhi huanza na mtu mwenye koleo, kwa kuwa ndiye anayeonekana. Mwenye nyumba inayojengwa haonekani, wala aliyemuuzia kiwanja juu ya kilima haonekani.

Nyumba yenyewe ilikuwa hatua chache tu kutoka hapo, imekaa juu ya safu ya kwanza, pale ambapo mlakasa ulipaswa kuwa. Ilikuwa na bustani ya nyasi za kijani kibichi mwaka ule wa ukame, na kisima chake chenye pampu. Mwenyewe hakuwepo. Mlinzi alikuwa mtu wa Kizingitini, akimfahamu Ami. Alituruhusu kupima, ingawa alitazama tazama barabarani kwanza. Ami akateka, akaonja, akatema. Sikuwahi kumwona akitema maji. Ofisa alisoma namba yake na hakusema kitu, akanionyesha tu kile kioo kidogo: namba ilikuwa ya juu kuliko zote tulizoandika siku hiyo. Nilipomuuliza mlinzi yeye anakunywa nini, alinyoosha kidole kwenye dumu la njano lililokuwa kivulini. Alilijaza mjini, kwa maji yetu.

Hapo ndipo Ami alipouliza swali ambalo ofisa hakuwa amelifikiria. "Choo cha nyumba hii kinakwenda wapi?" Mlinzi alituonyesha kifuniko cha saruji nyuma ya jiko. Mchanga unaopokea mvua upesi hupokea na mengineyo upesi vile vile. Tulisimama pale tukipima kwa macho umbali kati ya kifuniko kile na kisima cha jirani. Ami akamwambia ofisa, "Mwanangu, andika na hilo. Namba zako peke yake wataziweka kabatini." Akaandika.

Ripoti ilipokuja, Ami aliomba nakala, nami niliinakili kwa mkono na kuisoma msikitini baada ya sala ya isha. Sauti ilinitetemeka. Walioguswa zaidi hawakuwa wale niliowatarajia. Wenye punda ndio waliosimama kwanza, kwa sababu na wao wanateka maji, na punda wao wanakunywa. Walisema wataacha kukata upande wa bahari wakionyeshwa pengine pa kuchukua mchanga. Mabishano kuhusu "pengine" hapo yalichukua wiki nzima, na hayakuwa matamu. Mwishowe walipata sehemu mbali na visima, safari ndefu zaidi, na bei ya gunia ikapanda. Mafundi walinung'unika. Mimi naona bei ile ndiyo iliyokuwa halali tangu mwanzo.

Vijana wa mtaa tulichukua makuti makavu, tukayasimika kwa safu mbele ya lile shimo, kama alivyotuelekeza ofisa, na nyuma yake tukapanda vipande vya mlakasa vyenye vifundo. Mzee mmoja alipendekeza mivinje kwa sababu inakua haraka. Ami alikataa: mvinje hunywa maji yale yale tunayoyalinda, na chini ya majani yake membamba yaliyoanguka hakioti kitu. Kusi ilipoingia, mchanga ulifika hadi nusu ya makuti, na mwaka uliofuata tukasimika mengine juu yake.

Mwaka huo huo wa 2001 UNESCO iliuandika Mji wa Kale wa Lamu kwenye orodha ya Urithi wa Dunia, takriban hekta 16 za nyumba za mawe na vichochoro. Tulisherehekea, na nilisherehekea kwa moyo wote. Vilima vinavyonywesha mji huo havimo ndani ya hekta hizo. Ile nyumba haikubomolewa. Kisima chake kilizibwa, bustani ikakauka, na mwenyewe akaanza kununua maji ya mji kama sisi.