Agoni 40, Potasiamu 39

Wiki iliyopita nilishikwa pabaya darasani. Nilikuwa nimebandika ukutani lile jedwali letu la elementi, karatasi iliyokunjwa na kukunjuliwa hadi imeanza kuachana mikunjoni, nikawaambia kidato cha tatu kwamba elementi zimepangwa kuanzia nyepesi kwenda nzito. Nimesema hivyo kwa kinywa changu, mtu mwenye miaka tisa ya kufundisha kemia hapa Karatu! Kijana mmoja wa karibu na dirisha, ambaye baba yake ni dereva wa watalii, akanyoosha mkono.

"Madam, namba 18 ni agoni, uzito 40. Namba 19 ni potasiamu, uzito 39. Au mchapaji kakosea?"

Wenzake wakacheka. Mimi sikucheka, maana swali hilohilo niliwahi kuliuliza nikiwa na umri wake, nikaambiwa nikariri, mtihani hauulizi hayo. Nikakariri. Jibu nilikuja kukutana nalo chuoni.

Nikaanza kwa kufuta kauli yangu. Mendeleev, mwanakemia wa Kirusi, alipopanga jedwali lake mwaka 1869 alifuata uzito, na agoni wakati huo haikujulikana. Ilipogunduliwa mwaka 1894 ikawa kama mgeni aliyefika harusini hana kadi. Aliyetoa mwongozo wa kuaminika wa viti ni Henry Moseley, kijana wa Kiingereza, mwaka 1913. Alipima eksirei zinazotoka kwenye elementi mbalimbali, akaona kwamba kinachopanda ngazi moja moja ni chaji ya kiini cha atomi, yaani idadi ya protoni, chembe zenye chaji chanya. Miaka miwili baadaye aliuawa vitani Gallipoli, akiwa na miaka 27. Kila mwaka nikifika hapo darasa hunyamaza, nami hunyamaza nao kidogo.

Sasa, protoni zinaeleza nani akae wapi. Hazielezi kwa nini agoni imenenepa hivyo. Nikatoa kopo langu la vizibo vya soda na kokoto. Vizibo ni protoni, kokoto ni nyutroni, chembe za kiini zisizo na chaji, na elektroni tunaziacha kwanza kwa kuwa uzito wao hausumbui mizani. Vizibo 19 na kokoto 20: potasiamu 39. Ongeza kokoto mbili: bado ni potasiamu, vizibo havijaguswa, ila sasa ni 41. Hizo ndizo isotopi, watoto wa jina moja wenye uzito tofauti. Katika kila atomi 100 za potasiamu, 93 hivi ni za 39, na karibu zote zilizobaki ni za 41. Ndiyo maana wastani unaangukia 39 na kidogo.

Ipo na ya tatu, potasiamu 40, yenye vizibo 19 na kokoto 21. Ni adimu, moja katika kila atomi elfu nane na ushei, na haitulii. Mara nyingi nyutroni yake moja hugeuka protoni, ikawa kalsiamu. Lakini karibu mara moja katika kila tisa, kiini humeza elektroni ya atomi yake na protoni moja hugeuka nyutroni.

Nikamwita yule kijana mbele. Toa kizibo kimoja, weka kokoto. Haya, hesabu.

"Vizibo kumi na nane... agoni."

"Na jumla?"

"Arobaini." Akageuka kulitazama jedwali, kisha akanitazama mimi kama niliyemficha kitu.

Ndiyo hivyo. Katika agoni ya hewani, zaidi ya asilimia 99 ni agoni 40, na karibu yote imezaliwa na potasiamu iliyomo miambani tangu dunia ingali changa. Kwenye Jua, agoni iliyo nyingi ni ya 36. Jedwali lingeandikwa kwa vipimo vya huko, swali la kijana lisingekuwepo. Tukapiga hesabu ya darasa letu: mita 8 kwa 7, kimo 3, agoni ni asilimia 0.93 ya hewa. Lita elfu moja na mia tano hivi, tumekaa nazo humo humo.

Kisha nikamuuliza baba yake hupeleka wageni wapi. Oldupai. Mwaka 1959 Mary Leakey aliokota pale fuvu la Zinjanthropus, kiumbe wa kale wa ukoo wa binadamu, na Louis, mumewe, alikadiria umri wa kama miaka laki sita. Mwaka 1961 likapimwa jivu la volkano la tabaka lile. Mwamba ukiyeyuka, agoni, kwa kuwa ni gesi, hutoroka. Ukiganda, inayozaliwa humo hunaswa ndani ya fuwele. Nusu ya potasiamu 40 huchukua miaka bilioni 1.25 kuisha, kwa hiyo ukipima agoni iliyonaswa na potasiamu iliyobaki unapata umri. Jibu likatoka miaka milioni 1.75, karibu mara tatu ya makisio. Kijana akasema baba yake huwatajia wageni tarakimu hiyo kila safari, ila hajawahi kusema imetoka wapi.

Kengele ikalia nikaacha kila kitu mezani. Asubuhi yake nikakuta wa zamu ya usafi wamefagia nyutroni zote nje. Vizibo wamevitunza, wanachezea drafti.